Mashine Inayojua Kusimama

Haya ni maneno ya afisa wa mawasiliano wa kaunti katika siku ya wazi ya chuo cha ufundi, mbele ya wanafunzi, wakufunzi na wenye karakana.

 

Ratiba inasema saa hii mngezungumza na mhandisi. Mhandisi amepata udhuru, nikaambiwa nishike nafasi. Mimi nilisomea uanahabari. Kazi yangu ni kuandika taarifa za kaunti na kusimamia jarida letu, lile ambalo najua baadhi yenu hufungia misumari. Pancha ya baiskeli yenyewe naziba kwa kuomba msaada. Lakini mwanahabari hufundishwa kulifuata swali mpaka alipate nyumbani kwake, na swali ninalo. Nililipata katika ukumbi huu huu.

Tulipokuja mara ya mwisho, kijana mmoja aliyekaa karibu na dirisha lile alisimama akasema: mnatuambia tusomee kuchomelea vyuma, na kwenye simu tunaona roboti zikichomelea magari bila kupumzika wala kula. Mashine hizo zikifika huku, sisi tutakula nini? Meza kuu ikamjibu asiwe na wasiwasi. Mimi nikaandika kwenye habari yangu kwamba vijana walihakikishiwa. Sentensi hiyo imenisumbua tangu siku ile, kwa sababu hakuhakikishiwa chochote.

Siku hiyo hiyo mzee mmoja mwenye karakana aliuliza la kwake. Kwa nini madawati na vitanda vya hospitali vinatoka mbali kwa lori, na sisi tuko hapa tukiangalia lori likipita? Naye hakujibiwa.

Basi nikaenda kusoma. Nimesoma juu ya kampuni moja ambayo kila mtu hapa ameipanda, awe amelipa nauli au amening'inia mlangoni. Nazungumzia Toyota. Tunayajua magari yake kuliko tunavyoijua historia yake, na historia hiyo inayagusa maswali yote mawili.

Inaanza kwa nguo. Sakichi Toyoda alizaliwa mwaka 1867 kijijini Japani, mtoto wa seremala. Wanawake wa kijiji chao walifuma nguo kwa mkono usiku na mchana, mama yake akiwa mmoja wao, na kijana akaanza kuchezea mbao akitafuta njia ya kuirahisisha kazi ile. Alitumia maisha yake yote kwenye jambo hilo moja. Mwaka 1924, yeye na mwanawe Kiichiro wakiwa pamoja, walikamilisha mashine ya kufuma iliyobadilisha uzi yenyewe bila kusimamishwa. Mwaka 1929 kampuni ya Uingereza iitwayo Platt Brothers, moja ya majina makubwa kabisa katika mashine za nguo, ikakubali kulipa pauni 100,000 kwa haki ya kuitengeneza. Mtoto wa seremala aliwauzia Waingereza mashine ya nguo.

Kilichonivutia zaidi ya kasi yake ni hiki: uzi mmoja ukikatika, ilisimama. Mashine za kawaida zilikuwa zikiendelea kufuma kitambaa kibovu mpaka mtu atambue, kwa hiyo kila mashine ilihitaji mtu wa kuikodolea macho. Hii ilijua kwamba kuna kosa. Mfanyakazi mmoja akaweza kuangalia mashine nyingi, akiitwa tu pale palipo na shida. Naomba mwishike hiyo, nitairudia.

Kiichiro ndiye aliyeingia kwenye magari, na Toyota ikaundwa kama kampuni ya magari mwaka 1937. Sisi tunaiona leo kubwa kama mlima, lakini mwaka 1950 ilikuwa karibu kufa. Vita vilikuwa vimekwisha, watu hawakuwa na pesa, magari yalikaa bila wanunuzi, na benki zikabana. Zaidi ya wafanyakazi 1,500 wakaondoka, mgomo ukawa mkubwa, na Kiichiro mwenyewe akajiuzulu. Baadaye mwaka huo huo vita vya Korea vikaleta oda za malori, na kampuni ikapumua.

Mtu aliyepitia njaa hiyo hanunui debe tano za rangi kwa sababu tu zimeshuka bei. Kutoka hapo ndipo mhandisi Taiichi Ohno alipoujenga utaratibu ambao sasa unafundishwa vyuoni dunia nzima. Alichukua mfano kutoka supamaketi za Marekani. Mteja huchukua pakiti mbili za maziwa, rafu inabaki na nafasi mbili, na mwenye duka anarudisha mbili. Harudishi ishirini. Ohno akafanya kiwanda kizima kiwe hivyo. Kila kisanduku cha vipuri kina kadi. Vipuri vikitumika, kadi inarudi kwa aliyevitengeneza, na kadi ndiyo oda yake. Bila kadi hatengenezi. Mama mboga yeyote anayejua kwamba nyanya za leo zikilala zitakuwa hasara ya kesho ameshalielewa hili bila digrii.

Utaratibu huo una masharti, na hapa wazee wa karakana naomba mnisikilize. Ukikataa kuweka akiba kubwa, lazima anayekutengenezea vipuri awe karibu, na lazima kipuri anacholeta kiwe sawa kila siku. Ndiyo maana watengeneza vipuri wa Toyota walijazana kulizunguka jiji la Koromo, ambalo mwaka 1959 lilibadilishwa jina likaitwa Toyota. Malori yao yaliingia kiwandani mara nyingi kwa siku yakiwa na mizigo midogo. Ukaribu ulikuwa faida, lakini kosa la mmoja lilionekana kwa wote ndani ya saa chache.

Sasa niwaambie habari ya moto.

Alfajiri ya Jumamosi, tarehe 1 Februari 1997, kiwanda cha kampuni ya Aisin katika mji wa Kariya kiliungua. Aisin ilikuwa ikiitengenezea Toyota vali moja ndogo ya breki, ya kutosha kiganjani, inayopunguza nguvu ya breki za nyuma ili gari lisiteleze. Si kitu cha bei. Lakini karibu vali zote za aina hiyo katika magari ya Toyota zilitoka kwenye kiwanda hicho kimoja, na kwa kuwa hawakuweka akiba, zilizokuwepo zingetosha muda mfupi sana. Katikati ya wiki iliyofuata karibu viwanda vyote vya Toyota nchini Japani vilikuwa vimesimama. Gari zima lilingoja kipande cha chuma kama pakiti ya sigara.

Mngefikiri kungekuwa na kesi na barua za mawakili. Aisin ilifungua chumba cha dharura, ikapigia simu kampuni zinazoizunguka, ikagawa michoro ya vali. Kampuni zaidi ya 60 zikaanza kuzitengeneza, na nyingine nyingi zikasaidia kwa mashine na vifaa. Wengi wao hawakuwa wamewahi kuitengeneza vali hiyo. Mmoja wao alikuwa Brother, watu wa cherehani! Walichukua mashine zao za kukata chuma wakazigeuza zitoboe vali za breki. Baada ya siku tatu hivi vali za kwanza zikafika, na ndani ya wiki moja na siku kidogo kazi ikawa imerudi karibu kawaida. Bei hawakuijadili kwanza. Gharama zililipwa baadaye, na Toyota ikawaongezea wasambazaji wake wakubwa shukrani ya pesa taslimu.

Niliposoma hivyo nilijiuliza, mtu wa cherehani alitoa wapi uwezo wa kutengeneza breki kwa siku chache? Sikupata siri yoyote. Alijua kusoma mchoro. Alijua kupima. Alikuwa na watu waliozoea kwamba milimita ni milimita. Na alijua kwamba atalipwa.

Hapo ndipo nikamkumbuka mjomba wangu.

Mjomba alikuwa fundi wa vyuma, karakana yake nyuma ya soko, mabati mawili na mti wa mparachichi. Nikiwa darasa la saba alipata oda ya fremu za madawati, oda kubwa kuliko zote alizowahi kupata. Shule ilikuwa inanunua mbao kwingine, tayari zimetobolewa matundu. Mjomba akaajiri vijana watatu. Kila mmoja alikuja na tepu yake, na tepu moja ilikuwa imekatika mwanzoni, kwa hiyo mwenyewe alikuwa akianzia sentimita ya kumi na kutoa kumi kichwani. Siku nyingine alitoa, siku nyingine alisahau. Mashine ya kuchomelea ilikuwa nzuri, vyuma vilikuwa vizuri, na madawati yalikuwa imara, mngeweza kumsimamisha ng'ombe juu yake. Lakini mbao zilipofika, matundu hayakukutana. Fremu moja kati ya tano hivi ilirudi. Walimu wakaudhika, oda iliyofuata ikaenda kwa mtu wa mjini, na mjomba mpaka leo husema alirogwa.

Mimi mwenyewe niliamini kwa miaka mingi kwamba mjomba alionewa kwa sababu alikuwa mdogo na wa karibu. Leo nasema hapana. Alikosa kitu ambacho mashine ya Sakichi ilikuwa nacho. Hapakuwa na mtu wala kifaa cha kusimamisha kazi kwenye fremu ya pili, kwa hiyo kosa liliendelea kuchomelewa mpaka fremu ya mwisho.

Nalirudia swali la kijana wa dirishani. Je, roboti zitamfukuza?

Miaka ya 1980 kampuni ya Marekani, General Motors, iliamua kwamba dawa ya ushindani wa Wajapani ni roboti, ikamwaga mabilioni ya dola kwenye mashine zinazojiendesha. Wakati huo huo ilikuwa na kiwanda Fremont, California, ambacho ilikuwa imekifunga mwaka 1982. Kilikuwa na sifa mbaya ya migomo, ulevi na watu kutokuja kazini. Mwaka 1984 kampuni hizo mbili zikakifungua tena kwa ubia, Toyota ikisimamia. Wengi wa walioajiriwa walikuwa wafanyakazi wale wale wa zamani. Mashine hazikuwa za ajabu. Kilichobadilika ni kwamba juu ya kila mfanyakazi palikuwa na kamba. Akiona kosa, anaivuta. Kiongozi wake anakuja mbio kumsaidia, na wasipolitatua kwa wakati laini inasimama. Zamani kusimamisha laini lilikuwa kosa la kufukuzwa kazi. Haukupita muda mrefu kabla magari ya Fremont kuhesabiwa miongoni mwa yaliyo bora zaidi ya General Motors, mbele ya viwanda vyake vilivyojaa roboti.

Msinielewe vibaya. Toyota ina roboti nyingi, na kazi ya kuchomelea mabodi imechukuliwa nazo karibu yote. Kijana alikuwa sahihi kuhusu hilo. Kama unataka kuwa mtu wa kurudia mshono mmoja mara elfu, roboti atakushinda, na hachoki. Lakini Toyota yenyewe iligundua kwamba mtu asiyejua kazi kwa mkono hawezi kuiboresha mashine, kwa sababu mashine hurudia alichofundishwa tu. Kuna mzee aitwaye Mitsuru Kawai. Alisoma shule ya ufundi ya kampuni hiyo na akaanza kazi mwaka 1966, kwenye karakana ya kufua vyuma vya moto. Hakwenda chuo kikuu. Amehimiza kuwe na sehemu za kiwanda ambako watu wanafanya kazi kwa mikono, wafue na kukunja wenyewe, halafu wanachogundua ndicho mashine inafundishwa. Mwaka 2017 Kawai aliteuliwa kuwa mmoja wa makamu wa rais watendaji wa Toyota. Overoli kama zenu, wapendwa.

Kwa hiyo jibu langu kwa kijana, ambalo ningeliandika siku ile kama ningelijua: mshono wa kurudiarudia utaondoka. Atakayebaki ni yule anayeweza kusema kwa nini mshono ulipasuka.

Mzee wa karakana naye nina la kumwambia, na hapa tunatoka Japani tuje karibu na nyumbani.

Mwaka 2004 Toyota ilianza mpango mpya wa Hilux na magari ya familia yake. Badala ya kuyaunda Japani na kuyasafirisha, iliamua yaundwe karibu na wanunuzi, na vipuri vitoke huko huko. Thailand ikatoa injini za dizeli, Indonesia injini za petroli, Ufilipino na India giaboksi. Magari yakaunganishwa Thailand na Indonesia, na pia Argentina na Afrika Kusini, katika kiwanda kilicho Durban. Watengenezaji wa vipuri wa nchi hizo walifundishwa wafikie kipimo kile kile. Thailand leo inajulikana kwa pikapu kama sisi tunavyojulikana kwa chai.

Kenya pia tunaunganisha magari. Kuna kiwanda Mombasa, Miritini, ambako pikapu za Toyota huunganishwa, kuna cha Thika, na kuna cha Isuzu Nairobi. Sehemu kubwa ya vipande huja ndani ya makontena. Lakini tuna viwanda vya Kenya vinavyotengeneza betri na springi za magari, tuna watu wanaoshona viti, na mabodi ya mabasi na matatu tunayaunda wenyewe, tena kwa ufundi ambao wageni huupiga picha. Sitawadanganya kwamba kesho karakana ya hapa itauza vali za breki. Lakini kiti, bano la tangi, fremu ya mzigo, rafu ya lori la maziwa, hivyo havihitaji miujiza.

Na kuwa karibu si dawa ya kila kitu. Mafuriko ya Aprili 2022 yaliingia kiwanda kile cha Durban, kikasimama kwa miezi. Mwishoni mwa Februari mwaka huo huo, mdukuzi alivamia kompyuta za msambazaji mmoja wa Toyota, na viwanda 14 vya Japani vikasimama siku nzima. Hata suala la kutoweka akiba walilirekebisha. Baada ya tetemeko la mwaka 2011 kukatiza chipu za kompyuta, waliwataka wasambazaji waweke chipu za miezi kadhaa, na uhaba wa chipu wa mwaka 2021 ulipokuja walijikuta na afueni kuliko wengi. Anayejua barabara yetu wakati wa masika anaelewa. Vyuma vya wiki mbili si ubadhirifu.

Kuna upande mmoja nimeuacha mpaka sasa kwa sababu nalipwa mshahara na upande huo. Sheria inatenga asilimia 30 ya zabuni za serikali kwa vijana, wanawake na watu wenye ulemavu, na kila mara tunaitangaza kwenye jarida. Tusichokitangaza kwa sauti hiyo ni bili zinazokaa bila kulipwa. Watu wa cherehani walitengeneza vali bila kuuliza bei kwa sababu waliamini kwamba pesa zitakuja. Fundi anayemaliza vitanda na kungoja malipo mpaka mtoto afukuzwe shule hawezi kununua mashine ya kutoboa, wala hawezi kusimamisha kazi ili asahihishe kosa, kwa maana kila fremu ni deni. Kuahidi tarehe za malipo siwezi, ofisi hiyo si yangu. Ninachoweza ni kuchapisha orodha, na nimeomba ruhusa ya kuchapisha katika jarida, kila toleo, ni zabuni ngapi za karakana za hapa zimelipwa na ngapi zinangoja. Sijajibiwa bado. Nikijibiwa mtaona, na nisipojibiwa pia mtaona, kwa sababu nafasi yake itabaki wazi.

Wazee wangu, tukilipwa kwa wakati halafu matundu yasikutane, hatutakuwa na wa kumlaumu. Mwanzo wake si roboti wala mkopo. Nilipokuwa nikiandaa maneno haya nilikwenda kwa mjomba. Bado anachomelea, mgongo umepinda kidogo. Nikamweleza habari ya mashine inayosimama uzi ukikatika. Alinyamaza sana, halafu akaingia ndani akatoka na kipande cha chuma bapa chenye matundu manne, kile mafundi mnakiita templeti. Alikitengeneza mwaka ule ule, baada ya madawati kurudi. Unakilaza juu ya fremu, matundu yakikataa kukutana, fremu haitoki karakana. Tepu hazihitajiki tena. Aliniambia amekitumia tangu siku hiyo na hajarudishiwa fremu hata moja, ila shule haikumrudia kuuliza.

Nimekuja nacho. Kiko hapa mezani, kando ya chupa ya maji. Mkufunzi wa karakana amekubali mashine kubwa ya kutoboa iachwe wazi Jumamosi kuanzia saa tatu asubuhi, kwa wanafunzi na kwa wenye karakana wa nje pia, mje na chuma chenu. Mjomba ameahidi kuja. Ukimwona mzee mwenye kofia ya bluu akimkemea mtu kwa tepu iliyokatika mwanzoni, huyo ndiye.